Riyali zinafika, mtaa hausogei

Swali

Asalaam aleikum, mwalimu. Mimi ni mama wa watoto wanne, nakaa Kisauni. Mwanangu wa kwanza yuko Doha tangu 2019, ni mlinzi wa jengo. Kila mwezi hunitumia riyali 600. Mwanzoni mwa 2024 nilikuwa napokea kama shilingi 26,000, kisha ghafla zikashuka hadi 21,000 na hazijapanda tena. Nikimuuliza ananiapia hajapunguza hata riyali moja. Majirani wanasema ameoa huko. Sasa binti yangu wa pili, aliyemaliza kidato cha nne, anataka kwenda Saudia kwa kazi za nyumbani, na ajenti anataka tumpe 80,000. Marehemu baba yao alituachia tuktuk moja, naambiwa niiuze. Kila siku serikali inatuambia pesa za walio nje zinajenga nchi. Mwanangu ametuma miaka sita, mbona sioni tulichojenga? Mtaa mzima una watoto Uarabuni, mbona mtaa ni ule ule? Na huyu binti nimtoe au nimzuie?

Jibu

Waaleikum salaam, mama. Nianze na mwanao, maana ameshapakwa matope bure.

Hajapunguza kitu. Riyali ya Qatar imefungwa kwenye dola: riyali 3.64 kwa dola moja, mwaka nenda mwaka rudi. Kwa hiyo riyali 600 ni kama dola 165, ziwe za jana au za leo. Iliyoyumba ni shilingi yetu. Januari 2024 dola moja ilikuwa inabadilishwa kwa karibu shilingi 160. Kenya ilikuwa na deni la Eurobondi, yaani mkopo wa dola kutoka kwa wawekezaji wa nje, la dola bilioni 2 ambalo lilikuwa linaiva Juni mwaka huo, na kila mwenye chake alikuwa anakimbilia dola akihofia kwamba hatutaweza kulipa. Februari serikali ikapata mkopo mpya wa kulipia ule wa zamani, hofu ikatulia, na haukupita muda dola ikashuka hadi karibu 130, ikakaa hapo. Sasa zidisha mwenyewe. 165 mara 160 ni 26,400. 165 mara 129 ni 21,285. Elfu tano zako hazikwenda kwa mke wa Doha.

Ukirudi nyuma zaidi utaona na upande wa pili. Mwaka 2019 alipoondoka, dola ilikuwa kama 103, kwa hiyo riyali 600 zile zile zilikufikia zikiwa kama elfu kumi na saba. Zilipopanda mpaka ishirini na sita sidhani kama yuko jirani aliyekuja kukuuliza ni kwa nini. Na usidhani kupanda kule kulikuwa faida tupu. Shilingi inapolegea, mafuta ya gari, ngano, mchele na mafuta ya kupikia vinapanda bei, kwa sababu vingi huja na meli na hulipiwa kwa dola. Ulipewa kwa mkono mmoja ukanyang'anywa kwa mwingine pale dukani.

Niliomba uniambie pesa zimekwenda wapi, nawe ukaniletea sauti ya dakika tisa. Nimeisikiliza mara mbili. Tufanye wastani wa 20,000 kwa mwezi, kwa miezi 72: ni shilingi 1,440,000. Najua hesabu hii inauma, ndiyo maana wengi hawaifanyi. Lakini ulichonihesabia ni hiki: 120,000 za kwanza zililipa deni la ajenti aliyempeleka, yaani miezi sita mizima kijana alikuwa akimfanyia kazi mtu aliyekaa Mombasa. Kisha karo ya sekondari ya wadogo zake wawili. Dawa zako za sukari. Hospitali na matanga ya baba yao. Mabati mapya. Na ule mwaka wa korona hoteli za pwani ya kaskazini zilipofunga na wewe ukaachishwa kazi ya kufua, mkala na mkalipa kodi kwa riyali hizo hizo.

Hapo ndipo jibu la swali lako la kwanza lilipo. Unatafuta kilichojengwa, na hujahesabu kilichozuiwa kuanguka. Mwaka 1985 wachumi wawili, Oded Stark na David Bloom, waliandika hoja iliyobadilisha fikra za wengi katika fani yetu: kwamba anayeamua safari si mtu mmoja anayefuata mshahara mkubwa, bali ni jamaa nzima inayotawanya hatari. Mmoja anabaki kwenye kazi ya hoteli, mwingine kwenye tuktuk, mwingine anavuka bahari, ili upande mmoja ukizama mwingine uelee. Wafanyabiashara wa Mji wa Kale hawakuhitaji profesa kuwaambia hayo. Hakuna aliyepakia mali yake yote katika jahazi moja. Pesa ya ng'ambo huanza kwa kufanya kazi ya bima. Kazi ya mtaji huja baadaye, kama inakuja. Nyumba yenye mgonjwa, matanga na karo kwa mpigo hula bima yake yote, na hilo si uzembe.

Itakuwaje mtaji basi? Kuna kisa cha Ufilipino kinachokuhusu moja kwa moja, kwa sababu nacho ni kisa cha bei ya dola. Mwaka 1997 sarafu za Asia ziliporomoka. Familia za Ufilipino zilikuwa na ndugu katika nchi nyingi: wengine Saudia, wengine Marekani, wengine Malaysia. Waliokuwa mahali ambapo sarafu ilibaki na nguvu, pesa zao zilifika nyumbani zikiwa nyingi zaidi kwa peso, bila wao kufanya kazi ya ziada hata saa moja. Mchumi Dean Yang alizilinganisha familia hizo na zile ambazo ndugu zao walikuwa katika nchi ambazo sarafu zilianguka pia. Zilizopata nyongeza zilisomesha watoto zaidi, zikawatoa katika kazi za vibarua, na watu wazima wakaongeza saa katika biashara zao wenyewe. Ile nyongeza haikuliwa hivi hivi.

Nawe mama, ulipata nyongeza kama hiyo kuanzia 2022 hadi mwanzo wa 2024. Tofauti ni kwamba hukujua kuwa ni nyongeza. Ulidhani kijana amepandishwa cheo, ukapandisha matumizi yako yalingane. Mali bila daftari hupotea bila habari, walisema wazee, na walikuwa wanazungumzia mambo kama haya haya: bei ya mji mmoja na bei ya mji mwingine, na pengo lililo katikati.

Tuje kwenye mtaa. Serikali haikudanganyi inapotaja ukubwa wa pesa hizi. Mwaka 2023 Wakenya walio nje walituma takriban dola bilioni 4.19, na mwaka 2024 karibu bilioni 4.95. Ni zaidi ya tunachopata kwa kuuza chai nje, na zaidi ya maua. Lakini zaidi ya nusu ya pesa hizo hutoka Marekani. Anayetuma kutoka Dallas mara nyingi ni nesi au mhasibu, na jamaa yake ilikuwa na uwezo wa kumsomesha na kumlipia nauli tangu mwanzo. Mlinzi wa Doha na yaya wa Riyadh wako ndani ya jumla ile ile, lakini fungu lao ni jingine kabisa. Ukisikia "bilioni" redioni, usifikirie kwamba zimegawanywa sawa kati ya Kisauni na mitaa ya matajiri wa Nairobi. Na kwa uchumi wote wa Kenya, pesa hizi ni kama asilimia 4 tu. Zinatosha kuikinga shilingi isianguke zaidi. Hazitoshi kugeuza nchi.

Sababu ya pili ni nzito zaidi, na kwetu Mwambao ina jina: ardhi. Mwaka 1908 Waingereza walitunga sheria ya hati za ardhi ya pwani iliyomtaka kila mwenye dai alisajili. Waliojua sheria na waliokuwa na makaratasi wakasajili. Ambayo haikudaiwa ikahesabiwa kuwa ya Mfalme wa Uingereza. Tangu hapo kizazi baada ya kizazi tunaishi na jambo ambalo mgeni humchukua siku kulielewa: nyumba ni yangu, kiwanja si changu. Nyumba bila ardhi. Sehemu kubwa ya Majengo, ya Likoni na ya Kisauni yako imejengwa hivyo.

Sasa fikiria kijana wa jirani yako aliyeko Jeddah. Amejenga vyumba vinne vya mawe, ameezeka, ameweka tailzi. Kwa macho ni maendeleo. Lakini akitaka kukopa benki afungue duka la vifaa vya umeme, benki itamwomba hati, na hati hana. Ana karatasi iliyowekewa sahihi mbele ya mzee wa mtaa. Nyumba ile haiwezi kuzaa kitu kingine. Imekuwa kama sanduku zuri lililopotelewa na ufunguo. Na akija mwenye hati yake kutoka huko aliko, tingatinga haliulizi kama tofali lilinunuliwa kwa riyali au kwa shilingi. Kwa hiyo wenye akili, na watu wetu wana akili, hawajengi pakubwa. Wanatia pesa katika vitu vinavyobebeka: dhahabu, bodaboda, harusi, karo. Halafu wanakuja wataalamu kutoka mbali wakisema watu wa Pwani hawajui kuwekeza. Huwa nanyamaza, lakini si kwa sababu sina la kusema.

Maji nayo. Mombasa hunywa maji ya mbali: Mzima, Baricho, Marere. Bomba likikauka, riyali za Doha hununua mitungi ya mkokoteni, na kila nyumba hununua yake. Hakuna mama mmoja, wala mama elfu moja kila mmoja na M-Pesa yake, anayeweza kulaza bomba kutoka Mzima. Hiyo ni kazi ya kodi, ya kaunti, ya serikali kuu. Pesa inayotumwa kwa mtu binafsi hutibu shida ya mtu binafsi. Mkiwa na shida ya pamoja na pesa za mmoja mmoja, mtaa utabaki ule ule, na ninyi nyote mtakuwa mmefanya kila mnachoweza.

Wako waliojaribu kuzileta pamoja. Ndugu zetu Wangazija wa Komoro, ambao wengi wako Ufaransa, Marseille hasa, huichangia nchi yao pesa zinazofika kama sehemu moja ya tano ya pato lake. Sehemu kubwa humezwa na harusi kubwa ya ada. Watu hucheka, lakini ada hiyo hiyo ndiyo inayowabana wachangie shule, msikiti na barabara ya kijiji, kwa sababu heshima hainunuliwi kwa karamu peke yake. Hata hivyo Komoro haijatajirika. Nepal nayo, ambayo pesa za wafanyakazi wake wa Ghuba, Malaysia na India ni kama robo ya pato la taifa, haijawa nchi ya viwanda.

Ukitaka mfano wa upande wa pili, tazama Korea Kusini. Miaka ya 1960 ilipeleka wachimba migodi na wauguzi Ujerumani Magharibi. Miaka ya 1970 ikapeleka mafundi wa ujenzi maelfu kwa maelfu Ghuba, Saudia hii hii anayotaka kwenda binti yako. Lakini hawakuenda mmoja mmoja chini ya kafili, yaani mwajiri anayekudhamini. Wengi walikwenda chini ya kampuni za kwao: Hyundai ndiyo iliyopata kazi ya bandari ya Jubail mwaka 1976. Faida ilirudi Seoul pamoja na ujuzi wa kujenga bandari. Nayo pesa ya mfanyakazi iliingia katika nchi ambayo ilikuwa imeshagawa mashamba kwa wakulima kuanzia 1950, na ambayo ilikuwa inafungua viwanda vya kumpokea akirudi. Jasho lilikuwa la aina moja na la Mnepali. Udongo lililodondokea ndio uliokuwa tofauti.

Nikuongeze jambo ambalo wanasiasa hawalipendi. Wengi, hasa Ulaya, hudhani nchi maskini ikiendelea kidogo watu wataacha kuondoka. Takwimu zinaonyesha kinyume. Watu fukara kabisa hawasafiri. Nauli hawana, na hawamjui wa kuwapokea. Nchi inapoanza kuinuka, kidato cha nne kinakuwa cha kawaida, simu zinaenea, binti anaona katika simu jinsi wenzake wanavyoishi, na jamaa ina tuktuk ya kuuza. Hapo ndipo safari zinapoongezeka. Michael Clemens ameonyesha kwamba kuondoka huongezeka mpaka pato la mtu, likipimwa kwa uwezo wake wa kununua, linapokaribia dola 10,000 kwa mwaka, ndipo huanza kupungua. Kenya bado iko chini ya hapo. Binti yako hakimbii kwa sababu nchi imeshindwa kabisa. Anaondoka kwa sababu imefaulu nusu. Italia, Ireland na Korea zote zilipitia hapo kabla ya kuanza kupokea wageni wao.

Na Mombasa yenyewe, mama, isingekuwa mji bila watu waliohama. Kaskazi na kusi zilileta Wahadhrami, Waomani, Wahindi. Reli ilipoanza kujengwa hapa 1896 vibarua wapatao 32,000 waliletwa kutoka India. Wengi walirudi kwao, maelfu kadhaa wakabaki. Utajiri waliouacha haukuwa wa pesa za kutumwa. Ulikuwa wa kujuana: nani Bombay ana kitambaa, nani Muscat ana tende, nani anaaminika akikopeshwa bila karatasi. Leso za Biashara Street bado zinategemea kujuana kwa namna hiyo. Kijana wa Kimvita aliyeko Deira, Dubai, anayejua ni kontena gani litapita haraka na ni fundi gani wa Mombasa atanunua vipuri anaweza kuuletea mji huu faida inayozidi mshahara wake mara nyingi. Ukizungumza na mwanao, muulize pia amejifunza nini na anamjua nani. Ni swali ambalo sisi wazazi tulisahau kuwauliza.

Basi, binti.

Faida ya safari kwa anayesafiri ni kubwa, sitaki kukuficha. New Zealand huwachukua watu wa Tonga kwa bahati nasibu, na hilo liliwapa watafiti nafasi adimu ya kuwalinganisha waliochaguliwa na waliokosa, watu wa aina moja kwa kila kitu isipokuwa bahati. Mapato ya waliokwenda yalipanda kwa asilimia 263 ndani ya mwaka wa kwanza. Sijui mafunzo wala mkopo wa vijana uliowahi kufanya hivyo. Lakini wale walikwenda na haki ya ukaazi. Wangeweza kumwacha mwajiri mbaya Jumatatu wakapata mwingine Jumanne.

Saudia si hivyo. Kazi za ndani ziko chini ya kafala: makaratasi ya binti yanategemea mwajiri mmoja. Mwaka 2021 Saudia ililegeza masharti ili wafanyakazi waweze kuhama kutoka kwa mwajiri mmoja hadi mwingine, lakini wafanyakazi wa nyumbani waliachwa nje ya mabadiliko hayo. Wako wanaopata nyumba njema wakamaliza mkataba wa miaka miwili wakarudi na akiba. Wako walionyimwa usingizi, simu na mshahara. Wako waliorudi katika sanduku. Umewasikia mtaani kwenu, sina haja ya kusimulia.

Tuweke hesabu mezani. Mshahara wanaotajiwa mabinti wetu kwa kawaida huanzia riyali 900. Riyali ya Saudia ni 3.75 kwa dola, kwa hiyo ni dola 240, kama shilingi 31,000. Binti akijibakizia kidogo, sanasana atakutumia 20,000. Umeniambia dereva wa tuktuk anakuletea hesabu ya 700 kwa siku. Kwa siku 26 ni 18,200. Uuze kitu kinachokuletea 18,200 ukiwa nacho hapa Kisauni, chini ya macho yako, ili upate 20,000 zinazotegemea tabia ya mtu usiyemjua Riyadh? Kwa hilo jibu langu ni fupi: tuktuk usiiuze.

Na zile 80,000 ndizo zinazonitia shaka zaidi. Kwa kazi za nyumbani Saudia, gharama za kumleta mfanyakazi, visa na tiketi zikiwemo, ni za mwajiri. Ajenti hulipwa na upande ule. Anayekutoza wewe ama anakula mara mbili ama hana kazi ya kukupa. Ajenti halali husajiliwa na Mamlaka ya Kitaifa ya Ajira, na orodha yao iko wazi kwa kila mtu. Nenda ukaangalie jina la kampuni herufi kwa herufi, maana wako wanaobadilisha herufi moja tu. Binti ni lazima apitie mafunzo ya kazi za nyumbani na apewe cheti kabla ya kusafiri. Mkataba uwe umepitia Musaned, mtandao wa serikali ya Saudia wa mikataba ya kazi za ndani, uonyeshe jina la mwajiri na mshahara, na nakala moja ibaki kwako, si kwenye simu ya binti peke yake. Akiambiwa asafiri na visa ya matembezi "halafu mambo yatanyooka huko", mwambie ashuke kwenye gari.

Sisemi umzuie kwa nguvu. Kenya ilijaribu: mwaka 2014 ilipiga marufuku kazi hizi za Mashariki ya Kati, ikaondoa marufuku mwaka 2017. Katikati hapo mabinti hawakuacha kwenda. Walipitia nchi jirani, bila mkataba unaojulikana na mtu yeyote, wakawa dhaifu zaidi mikononi mwa waliowapokea. Binti wa kidato cha nne aliyeamua kwenda atakwenda. Unachoweza kubadilisha ni njia na wakati.

Kuhusu wakati, mweleze hivi: mshahara wa ng'ambo huamuliwa zaidi na karatasi uliyotoka nayo kuliko na miaka unayokaa huko. Baharia mwenye cheti cha ubaharia kamili (able seafarer), kwa kiwango cha chini kinachotambuliwa na Shirika la Kazi Duniani, hupata mshahara wa msingi unaozidi dola 650, na hiyo ni kabla ya saa za ziada. Linganisha na zile 240. Chuo cha Bandari kiko hapa hapa Mombasa, na vyeti vya ubaharia vya Kenya vinatambuliwa kimataifa tangu 2010. Wasichana wanachukuliwa. Taabu iko kwenye kupata meli ya kufanyia mazoezi, kwa hiyo kabla ya kulipa karo muulizeni msajili ni wangapi wa mwaka jana waliopata meli. Uuguzi ni mlango mwingine. Kenya na Uingereza zilitiliana sahihi mkataba wa wauguzi mwaka 2021. Ni safari ndefu na ya gharama, najua. Lakini 18,200 za tuktuk zinaweza kubeba karo kidogo kidogo, na 80,000 ukimpa yule bwana hazibebi chochote.

Limebaki la mwanao mwenyewe. Ghuba ni nadra sana kumpa mgeni uraia. Hata akae miaka ishirini, siku moja mkataba utaisha na atarudi Kisauni. Mwenda tezi na omo, marejeo ni ngamani. Mjomba wangu alikuwa baharia. Alituma kila senti kwa miaka isiyopungua ishirini, sisi tukasoma, mimi nikawa mchumi. Alirudi na sanduku moja na redio, akawa anaomba nauli ya matatu kwa watoto aliowasomesha. Hatukumdhulumu kwa makusudi. Hapakuwa na mtu aliyewahi kukaa chini kugawa pesa zile ziwe na fungu lake.

Kwa hiyo kaeni mgawe. Kati ya riyali 600, mwambie abakize 100 kwa jina lake, si kwa jina lako wala la mzee yeyote wa ukoo. Ni kama shilingi 3,500 kwa mwezi. Kwa mwaka na miezi michache zinafika 50,000, ambazo zinatosha kununua hatifungani ya serikali, yaani kuikopesha serikali kwa riba. Benki Kuu ilianzisha mwaka 2023 njia ya kununua kwa simu iitwayo DhowCSD, na hata aliyeko Doha anaweza kufungua akaunti. Hatifungani haina utamu wa kiwanja, lakini haivunjwi na tingatinga. Na anapotuma, asiangalie ada peke yake. Wako wanaotangaza "bila ada" kisha wanakuibia kwenye bei ya kubadilisha. Awaulize swali moja tu: nikiweka riyali 500, shilingi ngapi zitafika? Afrika kusini mwa Sahara ndiko kunakotozwa ghali zaidi duniani kwa kutuma pesa, kama asilimia 8 kwa wastani, wakati nchi za dunia zilikubaliana ada ishuke chini ya asilimia 3 ifikapo 2030. Tofauti kati ya duka moja na jingine pale Doha inaweza kuwa dawa zako za wiki.

Daftari unalo? Kama huna, nunua leo la kurasa 96. Ukurasa wa kwanza andika bei ya dola siku pesa ilipofika. Halafu mpigie mwanao, kabla hujaenda kwa ajenti na kabla hujaongea tena na majirani, umwambie habari ya 160 na 129. Miezi yote hii amekuwa akiapa.